Klabu iliyobeba Kombe la FA mara tano, kisha ikakosa watu wa kucheza

Kila Januari, Kombe la FA la Uingereza linapofika raundi ya tatu na vigogo kuanza kupangiwa timu za madaraja ya chini, ubishi mmoja hurudi vijiweni: ni nani aliyelibeba kombe hili kwa mara ya kwanza? Wapo wanaotaja Aston Villa kwa kuwa ni klabu kongwe, na wapo wanaokumbuka kwamba jina la bingwa huyo lina neno Wanderers ndani yake, hivyo ushindi hupewa Bolton Wanderers au Wolverhampton Wanderers kulingana na sauti ya msemaji. Jibu lao lina nusu ya ukweli. Bingwa wa kwanza, mwaka 1872, aliitwa Wanderers tu, bila jina la mji mbele yake, na kukosekana kwa jina hilo la mji ndiko kunakoeleza karibu kila jambo kuhusu klabu hiyo: namna ilivyozaliwa, namna ilivyoshinda fainali tano kati ya saba za mwanzo, na namna ilivyotoweka kimyakimya huku kombe lenyewe likiwa ndiyo kwanza linaanza kupendwa.

Kabla ya kwenda mbali inafaa maneno matatu yawekwe sawa, kwa sababu maana zake za leo ndizo zinazotupotosha.

La kwanza ni klabu. Leo tukitamka neno hilo tunafikiria uwanja, ofisi, wanachama wenye kadi, wachezaji wenye mikataba na mashabiki wanaorithishana mapenzi kutoka kwa baba hadi kwa mtoto. Katika London ya miaka ya 1860, wakati wa utawala wa Malkia Victoria uliodumu kuanzia 1837 hadi 1901, klabu ya mpira ilikuwa kundi la marafiki waliochangishana ada, wakamchagua katibu wa kuandika barua, na katibu huyo akawatafutia timu ya kucheza nayo. Kinachofanana nayo zaidi katika mazingira yetu si Simba wala Gor Mahia, bali ni timu ya maveterani wa mtaa: watu wazima wenye kazi zao, wanaochanga fedha za mpira na maji ya kunywa, ambao hawajui mpaka asubuhi ya mechi kama watatimia. Mtu huyohuyo anayecheza na maveterani Jumapili hii anaweza kuonekana wiki ijayo kwenye bonanza akiwa na timu ya kazini kwake, na mwezi ujao akavaa jezi ya wenzake aliosoma nao sekondari, wala hakuna atakayemwita msaliti. Picha hiyo ndiyo msomaji aende nayo hadi mwisho.

La pili ni ridhaa. Soka la ridhaa ni soka ambalo mchezaji halipwi kwa kucheza. Kwetu neno hilo limezoeleka kumaanisha timu changa au isiyo na fedha, iliyo chini ya timu za kulipwa, na hapo ndipo wengi hupotea. Katika Uingereza ya wakati huo hapakuwa na timu za kulipwa zinazotambuliwa ambazo timu za ridhaa zingekuwa chini yake. Ridhaa ndiyo iliyokuwa juu, tena ilikuwa alama ya heshima. Mtu alicheza bila malipo kwa sababu hakuwa na haja ya malipo. Wachezaji wa Wanderers walikuwa mawakili, maofisa, walimu wa shule za gharama, wanafunzi wa vyuo vikuu na watoto wa wenye mabenki, na mmoja wao alikuja kurithi cheo cha ubwana.

La tatu ni shule. Waingereza wana shule chache za kale, kama Eton, Harrow, Westminster na Charterhouse, ambazo kwa jina huitwa za umma ilhali mtoto wa mtu wa kawaida hakuwa na njia ya kuingia humo, kwa kuwa ada yake ilihitaji mzazi mwenye mali. Humo ndimo mpira wa miguu ulikolelewa, na kila shule iliucheza kwa kanuni zake. Waliomaliza waliunda timu za wahitimu, ambazo hutambulika kwa neno Old mwanzoni mwa majina yao: Old Etonians ni waliosoma Eton, Old Carthusians ni waliosoma Charterhouse. Timu hizo zitarudi baadaye katika simulizi hii, nazo ndizo zilizoiua Wanderers.

Mwaka 1859, kundi la vijana wengi wao wakiwa wametoka Harrow walianzisha timu huko Leytonstone, pembezoni mwa msitu wa Epping mashariki mwa London, wakaiita Forest, yaani Msitu. Miongoni mwa vinara wake walikuwamo ndugu wawili wazaliwa wa Sunderland, John Forster Alcock na mdogo wake Charles William, ambaye wakati huo alikuwa kijana ambaye hata miaka 20 hajaifikia. Walikuwa na tatizo ambalo kila aliyewahi kucheza mpira wa mchangani ugenini analijua: ukikutana na timu nyingine, lazima kwanza mkubaliane mnacheza mpira gani. Je, inaruhusiwa kuushika mpira kwa mkono? Kukimbia nao kifuani? Kumpiga mpinzani teke la ugoko kwa makusudi?

Ndiyo maana Forest ilikuwa miongoni mwa timu zilizotuma wajumbe kwenye mkutano wa tarehe 26 Oktoba 1863 katika ukumbi wa Freemasons' Tavern jijini London, mkutano uliozaa chama cha mpira ambacho dunia nzima inakifahamu kwa herufi mbili, FA. Mwishoni mwa mwaka huo zilipitishwa sheria 13, na klabu ya Blackheath ikajitoa kwa sababu wenzake walikataa kuhalalisha teke la ugoko. Ukiziangalia sheria zile utaona mchezo ambao leo ungetustaajabisha: hapakuwa na golikipa mwenye haki za pekee, hapakuwa na adhabu ya penalti, wala mtambaa panya haukutajwa kabisa, hivyo bao lilihesabiwa hata mpira ukipita juu mbinguni ilimradi umekatiza katikati ya nguzo mbili.

Mwaka uliofuata, 1864, timu ya Forest ikageuka kuwa Wanderers. Charles Alcock alitaka kuisogeza kutoka msituni ili iwe karibu na watu aliowahitaji, yaani wahitimu wa shule zile waliokuwa wakifanya kazi katikati ya London, lakini klabu haikununua wala kukodi kiwanja chake. Ilicheza Battersea Park, ikacheza kwenye viwanja vya wapinzani, na baadaye ikawa inaonekana mara kwa mara Kennington Oval, uwanja wa klabu ya kriketi ya Surrey, ambayo Alcock mwenyewe alikuja kuwa katibu wake. Jina Wanderers linamaanisha watu wanaotangatanga. Halikuwa jina la mbwembwe. Lilieleza hali halisi. Walivaa jezi za rangi ya chungwa, zambarau na nyeusi, rangi ambazo hata kwenye ukungu wa London zisingefichika, ila mtu aliyezipenda rangi hizo asingejua aende mtaa gani kuzishangilia.

Alcock anastahili nafasi yake hapa, maana bila yeye hakuna cha kusimulia. Alikuwa katibu wa FA kuanzia 1870 hadi 1895, na tarehe 20 Julai 1871, katika ofisi za gazeti la Sportsman, alipendekeza kwamba lianzishwe kombe litakaloshindaniwa na klabu zote za chama. Wazo hilo alilichota Harrow, ambako mabweni yalishindana kwa mtoano: unayefungwa unatoka, anayebaki mwisho ndiye jogoo wa shule. Yeyote aliyesoma bweni anaujua utaratibu huo. Alcock aliuchukua mchezo wa mabweni akaupeleka kwa nchi, na kikombe kikatengenezwa kwa gharama ya kama pauni 20, kidogo kiasi kwamba mtu angeweza kukibeba kwapani.

Hapa ndipo penye dhana ya kwanza ya kurekebisha. Wengi wakisikia kwamba Wanderers ilitwaa kombe la kwanza huifikiria kama jitu lililowakanyaga wote njiani. Msimu wa 1871 hadi 1872 zilijiandikisha timu 15 tu, na Wanderers ilitakiwa kuanza na Harrow Chequers, ambayo ilijitoa. Ukawa ushindi wa mezani. Raundi ya pili iliifunga Clapham Rovers. Raundi ya tatu ilitoka sare na timu iliyoitwa Crystal Palace, na kwa kanuni za wakati ule zote mbili zikaruhusiwa kusonga mbele. Nusu fainali ilipangiwa Queen's Park ya Glasgow, Scotland, ambayo nayo ilifika hapo bila kucheza mechi hata moja, na ambayo wapenzi wake walichangishana nauli ya treni ili iende London. Mechi ikaisha bila bao. Ilipaswa kurudiwa, lakini Waskoti hawakuwa na fedha za kuendelea kukaa London wala za kurudi tena, wakaondoka. Kwa hiyo Wanderers iliingia fainali ikiwa imeshinda mechi moja tu uwanjani, na sioni aibu kusema kwamba kombe la taifa la soka kongwe kuliko yote duniani lilianza kwa ratiba ambayo leo ingezua kesi.

Fainali yenyewe ilichezwa Kennington Oval tarehe 16 Machi 1872, mbele ya watazamaji wapatao 2,000 waliolipa shilingi moja kila mmoja, jina lilelile ambalo sarafu za Kenya, Tanzania na Uganda zinalibeba hadi leo. Waliopewa nafasi ya kushinda walikuwa Royal Engineers, maofisa wahandisi wa jeshi kutoka Chatham, na sababu yake inaeleza jinsi mpira wa wakati ule ulivyochezwa. Timu nyingi zilitegemea kukokota: mchezaji alipopata mpira aliinamisha kichwa na kwenda nao akiwapiga chenga watu hadi anyang'anywe, huku wenzake wakimfuata nyuma kuokota utakaomponyoka, kama watoto wa chandimu wanavyoufuata mpira wote kwa pamoja. Wahandisi wale, waliokaa kambi moja na kufanya mazoezi pamoja, walikuwa wameanza kupigiana pasi.

Bahati haikuwa yao. Dakika kama kumi baada ya mechi kuanza, luteni wao Edmund Creswell alivunjika mtulinga, na kwa kuwa hapakuwa na utaratibu wa kubadilisha mchezaji alibaki uwanjani na maumivu yake hadi mwisho. Dakika ya 15 hivi, Robert Vidal, mwanafunzi wa Westminster aliyesifika kwa chenga, aliukokota mpira kwa umbali mrefu hadi karibu na lango, ukamfikia mtu aliyeorodheshwa kwa jina la A. H. Chequer, akaupachika. Timu zikabadilishana magoli hapohapo, maana kanuni za wakati huo ziliagiza hivyo kila bao lilipofungwa, na mechi ikaisha 1–0.

Huyo A. H. Chequer hakuwapo duniani. Jina lake halisi lilikuwa Morton Peto Betts, na jina la bandia lilikuwa utani mwepesi: herufi A na H zikiunganishwa na Chequer humaanisha mtu mmoja wa Harrow Chequers. Ndiyo timu ileile iliyojitoa na kuipa Wanderers ushindi wa mezani katika raundi ya kwanza. Mchezaji wa timu iliyokimbia mechi ndiye aliyeifungia bao la ubingwa timu iliyonufaika na kukimbia huko. Leo shauri kama hilo lingekwenda kamati ya nidhamu na pengine mahakama ya michezo. Mwaka 1872 watu walicheka, wakala chakula cha jioni, wakakabidhiana kombe mwezi Aprili. Nimekaa kidogo kwenye kisa hiki kwa sababu kinaonyesha, kuliko maelezo yoyote, kwamba mipaka kati ya klabu na klabu ilikuwa haijachorwa. Wote walitoka katika shule zilezile na kukutana katika karamu zilezile.

Mwaka uliofuata bingwa mtetezi aliingia fainali moja kwa moja na kuwasubiri wengine watoane, na juu ya hilo akapewa haki ya kuchagua uwanja. Wanderers, ambayo haikuwa na uwanja, ilichagua Lillie Bridge upande wa magharibi mwa London na kuifunga timu ya Chuo Kikuu cha Oxford 2–0. Mechi ilichezwa asubuhi ili watazamaji wawahi mashindano ya makasia kati ya Oxford na Cambridge mchana wa siku hiyo, jambo linaloonyesha kipi kilikuwa kikubwa machoni mwa watu. Oxford walipoona wamefungwa moja wakamtoa golikipa wao langoni akashambulie, na bao la pili likaingia kwenye lango lililoachwa wazi. Mbinu hiyo makocha wa siku hizi huitumia kwenye kona ya dakika ya mwisho na kuonekana majasiri.

Kisha Oxford ikatwaa kombe mwaka 1874 na Royal Engineers mwaka 1875, halafu Wanderers ikarudi na kulichukua mara tatu mfululizo: 1876 dhidi ya Old Etonians baada ya mechi kurudiwa, 1877 dhidi ya Oxford, na 1878 dhidi ya Royal Engineers kwa mabao 3–1. Charles Wollaston alicheza katika fainali zote tano na kuwa mtu wa kwanza kulinyanyua kombe hilo mara tano. Rekodi ya mara tano ilifikiwa na wachache sana, na haikupitwa mpaka Ashley Cole alipochukua la sita mwaka 2010.

Fainali ya 1877 ina kisa chake. Arthur Kinnaird, mchezaji mwenye ndevu nyekundu aliyezoeleka kucheza mbele kwa nguvu nyingi, siku hiyo alisimama golini. Oxford wakapiga mpira wa kona, akaudaka, akarudi nyuma hatua moja na kuvuka mstari akiwa na mpira mkononi. Waamuzi wakahesabu bao, la kwanza la kujifunga katika historia ya fainali hizo, na Wanderers ikalazimika kushinda 2–1 katika muda wa nyongeza. Baada ya mechi Kinnaird alishikilia kwamba hakuvuka mstari, na FA, ambayo yeye mwenyewe alikuwa mjumbe wa kamati yake, ilikubali neno lake na kulifuta bao hilo. Kwa takriban miaka mia moja vitabu viliandika 2–0, mpaka bao lilipokuja kurudishwa kwenye kumbukumbu katika miaka ya 1980. Anayedhani kwamba waungwana wa ridhaa hawakujua kutumia nafasi zao na akitazame kisa hicho mara mbili.

Kwa mujibu wa kanuni, timu iliyoshinda mara tatu mfululizo ililichukua kombe jumla, kama Brazil ilivyolichukua Kombe la Jules Rimet, lile la zamani la Kombe la Dunia, mwaka 1970. Wanderers ilifikia hapo mwaka 1878, lakini ililirudisha kwa FA kwa sharti kwamba tangu siku hiyo asiwepo tena wa kulichukua jumla. Ndiyo sababu Kombe la FA hushindaniwa kila mwaka na hakuna klabu iliyobaki nalo, hata Blackburn Rovers iliyoshinda mara tatu mfululizo kuanzia 1884.

Msimu uliofuata tu, katika raundi ya kwanza, Wanderers ilifungwa 7–2 na Old Etonians. Msimu wa baada ya huo Old Etonians iliitoa tena. Halafu, msimu wa 1880 hadi 1881, klabu iliyobeba kombe mara tano ilijiandikisha na kujitoa kwa sababu haikuweza kupata watu wa kucheza. Kilichobaki ni mechi za kirafiki dhidi ya shule ya Harrow nyakati za Krismasi, na kufikia katikati ya miaka ya 1880 hata hizo zilikuwa zimekoma.

Maelezo yanayotolewa mara nyingi ni kwamba fedha ziliiua. Kwamba timu za kulipwa kutoka kaskazini, za wafanyakazi wa viwanda vya pamba, ziliwafagia waungwana wa ridhaa. Maelezo hayo yanapendeza kwa sababu yana mshindi na mshindwa, ila tarehe zinayakataa. Ni kweli kwamba tarehe 31 Machi 1883 Blackburn Olympic, timu yenye wafumaji na mafundi ndani yake, iliifunga Old Etonians 2–1 katika fainali na kulipeleka kombe kaskazini kwa mara ya kwanza, na tangu hapo hakuna timu ya wahitimu iliyolibeba tena. Ni kweli pia kwamba FA ilihalalisha malipo kwa wachezaji mwaka 1885, na Ligi ya kwanza ikaanza mwaka 1888 ikiwa na klabu 12. Lakini Wanderers ilikosa timu miaka miwili kabla ya ushindi wa Olympic na miaka minne kabla ya malipo kuhalalishwa. Mtu hawezi kuuawa na risasi ambayo bado haijafyatuliwa.

Ugonjwa ulikuwa ndani, na ili kuuona inatosha kumfuata Kinnaird. Mwaka 1873 alitwaa kombe na Wanderers. Mwaka 1876 alicheza fainali dhidi ya Wanderers, akiwa na Old Etonians. Mwaka 1877 na 1878 akarudi Wanderers na kushinda mara mbili, na mwaka 1879 akalitwaa tena, safari hii akiwa na Old Etonians iliyoifunga Wanderers mabao saba katika safari hiyohiyo ya ubingwa. Hakusajiliwa, hakuuzwa, hakumkosea mtu. Aliyesoma Eton alikuwa na haki ya kuchezea Eton siku yoyote atakayotaka, na Wanderers ilikuwa mahali pa kucheza pale wahitimu wa Eton, Harrow au Charterhouse walipokuwa hawajaamua kuunda timu kamili za kushindana.

Ndiyo mfano wa maveterani niliouacha juu. Tuseme mtaani kwenu kuna timu ya maveterani inayotisha wilaya nzima kwa sababu imekusanya wachezaji bora kutoka benki, bandari, hospitali na shule ya sekondari ya jirani. Inashinda kila bonanza. Lakini siku benki itakapoamua kuingiza timu yake kwenye mashindano yaleyale, na bandari nayo, na hospitali nayo, ile timu ya mtaa itabaki na katibu, mpira na jezi. Mafanikio ya Wanderers ndiyo yaliyowapa wenzao wazo: kombe lilipopata jina, kila kundi la wahitimu lilitaka kulishinda kwa jina la shule yake, na wachezaji waliitwa nyumbani. Wanderers haikuwa nyumbani kwa yeyote. Haikuwa na mtaa ambao vijana wake wangekua wakitamani kuichezea, haikuwa na kiwanda wala kanisa nyuma yake, wala kiwanja ambacho watazamaji wangelipia kiingilio cha kuiendesha. Bolton na Blackburn zilikuwa na hayo yote.

Hapo tunarudi kwenye majina yaliyozua ubishi. Bolton Wanderers ilianza mwaka 1874 kama timu ya shule ya Jumapili ya kanisa la Christ Church, ikachukua jina la Wanderers mwaka 1877 kwa kuwa nayo ilisumbuka kupata kiwanja cha kudumu. Wolverhampton Wanderers chimbuko lake ni timu ya shule ya St Luke's ya 1877, na neno Wanderers lilikuja mwaka 1879 ilipoungana na klabu ya kriketi ya jirani yenye jina hilo. Hakuna kati ya hizo iliyozaliwa na ile ya London, kama vile Mighty Wanderers ya Blantyre huko Malawi nayo si mtoto wake. Kutangatanga kulikuwa hali ya timu nyingi, hivyo jina likawa la wengi.

Na kombe analoliona mtazamaji mwezi Mei si lile aliloshika Wollaston. Lile la kwanza liliibwa usiku mmoja wa Septemba 1895 kutoka kwenye dirisha la duka la vifaa vya michezo mjini Birmingham, ambako Aston Villa ilikuwa imeruhusu lionyeshwe, na halijapatikana tena. Villa ilitozwa faini ya pauni 25. Likatengenezwa la kufanana nalo, kisha mwaka 1911 likaja umbo kubwa zaidi tunalolifahamu sasa. Lile Kombe la Jules Rimet la Wabrazili nalo liliibwa Rio de Janeiro mwaka 1983, kwa hiyo wenye makombe ya kuchukua jumla na wenye ya kurudisha wote wametendewa sawa na wezi.

Jina la Wanderers lilifufuliwa mwaka 2009 na watu wa London wanaocheza kwa ajili ya kuchangia misaada. Mwezi Novemba 2012, miaka 140 baada ya fainali ya kwanza, walialikwa kuirudia Kennington Oval dhidi ya Royal Engineers, timu ambayo haikuwahi kufa kwa kuwa jeshi la Uingereza halijawahi kuishiwa wahandisi. Safari hii hakuna aliyejificha kwa jina la bandia, na wanajeshi walishinda 7–1.